Robert Noyce: Aliyerudisha dola 60,000 na kuondoka na soko

Ukipeleka mazao kwa mnunuzi siku hizi, mara nyingi mzigo hupimwa kwa mizani ya dijitali, hesabu hupigwa kwa kikokotoo na malipo hutumwa kwa simu ya mkononi. Ndani ya kila kimoja cha vifaa hivyo kuna kipande kidogo cha silikoni kinachofanya hesabu, ambacho huitwa chipu. Chipu inayoweza kupewa maagizo mbalimbali, leo hesabu za duka na kesho kuongoza mashine ya kiwandani, huitwa maikroprosesa. Wengine huiita ubongo wa kompyuta.

Maikroprosesa ya kwanza kuuzwa kwa wateja wa kawaida ilitangazwa Novemba 1971 na kampuni changa ya Intel, iliyoko California, Marekani. Mkuu wa kampuni hiyo alikuwa Robert Noyce. Mchoro wa chipu hiyo ulikuwa kazi ya wahandisi wake, lakini yeye ndiye aliyeamua mambo ya biashara yaliyoifikisha sokoni. Historia yake inamhusu mkulima na mfanyabiashara mdogo kwa sababu mara mbili alifanya jambo ambalo kwenye daftari la hesabu lilionekana kuwa hasara. Mara ya kwanza aliuza bidhaa chini ya gharama ya kuizalisha. Mara ya pili alirudisha fedha ambazo mteja alikuwa amekwisha kulipa.

Mtoto wa mchungaji na kesi ya nguruwe

Noyce alizaliwa Desemba 12, 1927 katika mji wa Burlington, jimbo la Iowa. Hilo ni jimbo la kilimo, maarufu kwa mahindi na nguruwe. Baba yake alikuwa mchungaji, na familia yenye watoto wanne, wote wa kiume, haikuwa tajiri. Alikulia katika mji mdogo wa Grinnell. Akiwa na umri wa miaka 12, yeye na kaka yake walitengeneza ndege ndogo isiyo na injini, kisha akaruka nayo kutoka juu ya paa.

Alisoma fizikia na hisabati katika chuo cha Grinnell. Mwaka 1948 wanafunzi waliandaa sherehe iliyohitaji nguruwe wa kuchoma. Noyce na mwenzake wakaenda usiku katika shamba la jirani na kuiba mwananguruwe wa uzito wa kilo 11 hivi. Baadaye walikwenda kukiri na kutaka kulipa. Kumbe mwenye shamba alikuwa pia meya wa mji huo.

Kwa sheria za Iowa wakati huo, wizi wa mfugo lilikuwa kosa zito ambalo lingeweza kumpeleka kijana huyo jela. Mwalimu wake wa fizikia, Grant Gale, alimtetea, na nguruwe akalipwa. Chuo kilimsimamisha masomo kwa muhula mmoja, akaenda New York kufanya kazi katika kampuni ya bima. Laiti kesi ile ingefika mahakamani, huenda historia ya kompyuta ingeandikwa na watu wengine.

Katika kipindi hicho mwalimu Gale alipata transista mbili kutoka maabara za Bell, zilikobuniwa. Transista ni swichi ndogo ya umeme isiyo na sehemu inayosogea. Kabla yake, redio na kompyuta zilitumia valvu za kioo zilizopata moto sana na kuungua mara kwa mara. Noyce alivutiwa na kifaa hicho. Alimaliza Grinnell mwaka 1949, akapata shahada ya uzamivu katika chuo cha MIT mwaka 1953, kisha akafanya kazi katika kampuni ya Philco mjini Philadelphia.

Mkataba uliouza mti na maua yake

Mwaka 1956 Noyce alihamia California kufanya kazi kwa William Shockley, mmoja wa wavumbuzi wa transista. Shockley alipata Tuzo ya Nobel mwaka huohuo, lakini kuongoza watu kulimshinda. Mwaka 1957 vijana wanane, Noyce akiwemo, waliamua kuondoka pamoja.

Walikuwa na ujuzi, ila hawakuwa na mtaji. Kila mmoja alitoa dola 500. Arthur Rock, kijana wa kampuni ya masuala ya fedha ya New York, aliwabishia hodi wawekezaji wengi, wakakataa. Mwishowe tajiri Sherman Fairchild alikubali, na kampuni yake ikatoa takriban dola milioni 1.38. Ndivyo ilivyozaliwa Fairchild Semiconductor.

Ndani ya mkataba kulikuwa na kifungu muhimu. Kampuni mama ilikuwa na haki ya kununua hisa zote kwa dola milioni 3 iwapo biashara ingefanikiwa. Ilifanikiwa upesi, na mwaka 1959 kampuni mama ikaitumia haki hiyo. Kila mmoja wa wanane alipata dola 300,000 hivi. Kwa wakati ule zilikuwa fedha nyingi sana, lakini tangu siku hiyo wakawa waajiriwa tu katika kampuni waliyoianzisha.

Wakulima wa kahawa mkoani Kagera wanaifahamu butura. Mkulima mwenye shida ya fedha huuza kahawa ikiwa bado maua mtini. Msimu ukifika, mavuno ni ya mnunuzi hata kama bei imepanda mara tatu. Mkataba wa Fairchild ulifanana na butura. Vijana wale walikuwa na sababu, kwani bila fedha hizo wasingeanza kabisa. Hata hivyo, mavuno makubwa yaliyofuata yalikwenda kwa mwingine.

Kuuza chini ya gharama

Mwaka 1959 Noyce alibuni njia ya kutengeneza transista kadhaa na viungo vyake vyote juu ya kipande kimoja cha silikoni. Kifaa hicho huitwa saketi jumuishi. Alitumia mbinu iliyokuwa imebuniwa na mwenzake, Jean Hoerni, ya kuifunika silikoni kwa utando wa kuikinga. Jack Kilby wa kampuni ya Texas Instruments alikuwa ametengeneza saketi yake mwaka 1958 kwa njia nyingine. Kampuni hizo mbili zilibishana kwa miaka mingi kuhusu hataza, yaani hati za haki ya uvumbuzi, hadi mwaka 1966 zilipokubaliana kuruhusiana. Leo wote wawili wanahesabiwa kuwa wavumbuzi.

Tatizo lilikuwa soko. Saketi jumuishi ilikuwa ghali, na wanunuzi wake wa mwanzo walikuwa jeshi la Marekani na mradi wa kupeleka binadamu mwezini. Viwanda vya kawaida viliona ni nafuu kununua transista mojamoja na kuziunganisha vyenyewe.

Mwaka 1964 Noyce aliamua kwamba Fairchild iuze saketi rahisi kwa bei ya chini kuliko gharama ya mteja kununua vipande na kuviunganisha. Bei hiyo ilikuwa pia chini ya gharama ya Fairchild yenyewe ya kuzalisha. Wengi waliona anaichoma kampuni.

Noyce alikuwa na hesabu yake. Katika utengenezaji wa chipu, sehemu kubwa ya gharama hutokana na zile zinazoharibika. Kiwanda kinapozalisha nyingi, wafanyakazi hupata uzoefu, zinazoharibika hupungua, na gharama ya kila moja hushuka. Kwa hiyo alipanga bei kwa gharama itakayokuwepo baadaye. Oda zilimiminika, uzalishaji ukapanda, na gharama ikashuka kweli.

Hapa msomaji awe mwangalifu. Mbinu hiyo haifai kila bidhaa. Mkulima akiuza nyanya chini ya gharama mwaka huu, hakuna kinachohakikisha kwamba mwakani mbolea na maji vitakuwa nafuu kwa sababu ameuza nyingi. Mbinu hii huwafaa zaidi wenye kazi ambayo gharama yake hupungua kadiri wingi unavyoongezeka, kwa mfano mashine ya kukamua alizeti inayofanya kazi saa mbili tu kwa siku wakati ingeweza kufanya kumi.

Intel na mteja kutoka Japani

Faida za Fairchild Semiconductor ziliendelea kwenda kwa kampuni mama, upande wa mashariki wa Marekani. Mwaka 1968 nafasi ya mkuu wa kampuni nzima ilipokuwa wazi, Noyce hakuteuliwa. Julai mwaka huo yeye na Gordon Moore, mmoja wa wale wanane, wakaanzisha Intel. Kila mmoja alitoa karibu robo milioni ya dola, na Arthur Rock akakusanya dola milioni 2.5 kwa muda mfupi sana. Safari hii waanzilishi walibaki na sehemu kubwa ya hisa, na wafanyakazi wengi nao walipewa haki ya kununua hisa. Chuo cha Grinnell, kilichomsimamisha kwa kosa la nguruwe, kilikuwa miongoni mwa wawekezaji wa mwanzo na kilipata faida kubwa.

Lengo la Intel lilikuwa kutengeneza chipu za kumbukumbu, yaani za kuhifadhi taarifa ndani ya kompyuta. Lakini kampuni changa huhitaji fedha, na mwaka 1969 alikuja mteja kutoka Japani, kampuni ya Busicom. Ilitaka kutengenezewa seti ya chipu nyingi maalumu kwa ajili ya vikokotoo vyake.

Mhandisi wa Intel, Ted Hoff, aliona kazi hiyo ni kubwa mno kwa kampuni ndogo. Akapendekeza seti ya chipu nne, moja kati yake ikiwa ya kupokea maagizo. Trekta ni mfano mzuri wa wazo hilo. Mkulima hanunui injini moja ya kulima, nyingine ya kusawazisha na nyingine ya kubeba mizigo. Ana trekta moja, na kulingana na kazi hufunga jembe, haro au tela. Chipu ya Hoff ilikuwa trekta, na programu ndizo zana zinazofungwa nyuma yake. Stan Mazor alisaidiana naye kuliboresha wazo hilo. Federico Faggin, aliyejiunga na Intel mwaka 1970, ndiye aliyeligeuza kuwa chipu halisi, akishirikiana na Masatoshi Shima wa Busicom.

Hata hivyo, kulikuwa na mkataba. Busicom ilikuwa imelipa dola 60,000 kwa ajili ya kazi ya kubuni, na chipu hizo zilikuwa zake peke yake. Intel haikuruhusiwa kumuuzia mtu mwingine. Kwa mara ya pili katika maisha yake, Noyce alikuwa na mti uliouzwa ukiwa maua.

Fedha zarudi, haki yarudi

Mwaka 1971 ushindani wa vikokotoo ulikuwa mkali na bei zilikuwa zinaporomoka. Busicom ikabanwa kifedha na kuomba Intel ipunguze bei ya chipu. Wahandisi wa Intel walimsihi Noyce asikubali kupunguza bei bila kupata kitu, kwani waliamini chipu hiyo ingeweza kufanya kazi nyingi nje ya vikokotoo. Ndani ya kampuni walikuwepo waliopinga. Watu wa masoko waliona kompyuta zinazouzwa duniani kwa mwaka ni chache, hivyo hakuna soko la maana.

Noyce alizungumza na Busicom na wakakubaliana. Intel ilirudisha dola 60,000 na kushusha bei. Badala yake ilipata haki ya kuuza chipu hizo kwa mteja yeyote, mradi haitumiki kwenye vikokotoo. Novemba 1971 tangazo likatoka gazetini na chipu ikaitwa 4004. Ilikuwa na transista 2,300.

Busicom ilipata nafuu ya muda tu, na mwaka 1974 ilifilisika.

Jambo kama hilo lilijirudia kwa namna nyingine. Kampuni moja ya San Antonio, Texas, iitwayo Computer Terminal Corporation, ilikuwa imeagiza chipu kwa ajili ya mashine zake. Intel ilichelewa, na mteja akaamua kutoitumia. Badala ya kulipa gharama za kazi hiyo, aliiachia Intel mchoro. Intel iliitoa sokoni mwaka 1972 kwa jina la 8008. Kutokana nayo ilikuja 8080 ya mwaka 1974, na baadaye ukoo mzima wa chipu ambao hadi leo unaendesha kompyuta nyingi za mezani na za mapajani. Kampuni ile ya Texas ilikwepa bili moja na kupoteza urithi wa miaka zaidi ya 50.

Kompyuta yafika nyumbani

Bei ya rejareja ya 8080 ilikuwa dola 360. Ed Roberts, mwenye kampuni ndogo ya MITS katika mji wa Albuquerque, alikuwa ameelemewa na madeni baada ya biashara yake ya vikokotoo kuharibika. Alinunua 8080 kwa wingi kwa dola 75 kila moja, akabuni kompyuta iliyoitwa Altair 8800. Januari 1975 ilitokea kwenye jalada la jarida la Popular Electronics. Mteja aliuziwa vipande aviunganishe mwenyewe kwa bei isiyofika dola 400. Roberts alitarajia mamia ya wateja, wakaja maelfu. Vijana wawili, Bill Gates na Paul Allen, walianza kuiandikia programu, na hapo ndipo ilipozaliwa Microsoft.

Washindani nao walijifunza silaha ya Noyce. Mwaka 1975 kampuni ya MOS Technology ilitoa chipu ya 6502 kwa dola 25 tu. Steve Wozniak akaichagua kwa kompyuta za kwanza za Apple kwa sababu aliimudu. Faggin naye aliondoka Intel na kuanzisha kampuni ya Zilog, iliyotoa chipu ya Z80 mwaka 1976. Mwaka 1981 IBM, kampuni kubwa kuliko zote za kompyuta, ilitoa kompyuta yake binafsi ikitumia chipu ya Intel ya 8088. Ndani ya miaka kumi, bidhaa ambayo watu wa masoko hawakuitaka ikawa mhimili wa kampuni.

Hasara na siku za mwisho

Noyce hakushinda kila mara. Mwaka 1972 Intel ilinunua kampuni ya saa za mkononi za dijitali iitwayo Microma. Bei za saa zikaporomoka kuliko walivyotarajia, na mwaka 1978 wakajitoa kwa hasara. Walijua kutengeneza chipu, lakini kuuza saa kwa mtu wa kawaida ni biashara yenye kanuni zake.

Pigo kubwa zaidi lilikuja kwenye chipu za kumbukumbu. Kampuni za Japani zilizalisha nyingi, bora na kwa bei ya chini, na mwaka 1985 Intel ikaamua kuacha aina iliyokuwa imeipatia jina. Maelfu ya wafanyakazi walipoteza kazi. Kilichoiokoa kampuni ni maikroprosesa, bidhaa ambayo haki yake ilipatikana kwa kurudisha dola 60,000.

Mwaka 1988 Noyce alihamia Austin, Texas, kuongoza Sematech, ushirika wa kampuni za chipu na serikali ya Marekani uliolenga kufufua viwanda vya nchi hiyo. Alifariki dunia huko Juni 3, 1990 kwa ugonjwa wa moyo, akiwa na umri wa miaka 62. Mwaka 2000 Kilby alipopewa Tuzo ya Nobel kwa ajili ya saketi jumuishi, Noyce alikuwa amekwisha fariki, na tuzo hiyo haitolewi kwa marehemu.

Funzo kwa mkulima na mfanyabiashara

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Mikataba nayo ni sehemu ya daftari. Kwa mkulima anayeingia kilimo cha mkataba, au mjasiriamali anayepewa oda kubwa na duka la mjini, historia hii ina mambo matatu ya kuzingatia.

Kwanza, jua unauza nini. Kuuza magunia 50 ya mpunga ni jambo moja. Kuahidi kwamba hutamuuzia mtu mwingine mpunga wowote ni jambo jingine, nalo lina bei yake. Mnunuzi akitaka kuwa peke yake, aeleze ni kwa muda gani, kwa kiasi gani na kwa malipo gani ya ziada.

Pili, malipo ya awali yana gharama. Wakati mwingine hayaepukiki, kama ilivyokuwa kwa vijana wale wanane na kwa Intel ilipokuwa changa. Lakini jaribu kubakiza sehemu ya mavuno nje ya mkataba, au weka kifungu kinachokuruhusu kurudisha fedha na kujitoa. Ni vyema pia wakulima wakakopa kupitia chama chao cha ushirika au cha kuweka na kukopa kabla ya kukimbilia butura.

Tatu, mnunuzi akirudi kuomba bei ipunguzwe, usijibu upesi ndiyo au hapana. Siku hiyo ndiyo siku ya kufungua mkataba. Muulize naye atakuachia nini: mzigo uliobaki umuuzie nani, usafiri atalipa nani, malipo yatatoka lini. Busicom ilipokuja kuomba nafuu ya bei, Noyce aliitoa, na kwa kubadilishana akachukua ruhusa ya kuuzia dunia nzima.